Atatangazwa Mamake Nani

Kwetu Malindi mwanamke akifa hatangazwi kwa jina lake. Muadhini hufungua kipaza sauti cha msikiti, hukohoa, husoma Inna lillahi, kisha husema amefariki mamake fulani bin fulani, au mkewe fulani, au dada yake fulani, na maziko ni baada ya sala ya alasiri. Jina lake mwenyewe, lile walilomwita shoga zake tangu wanacheza pamoja uani, hubaki ndani ya nyumba. Nilipokuwa kijana jambo hili liliniudhi sana. Siku moja nikasema mbele ya chakula kwamba ni dhuluma, na mama yangu akaniambia nile samaki wangu kabla hajapoa.

Yeye hakuona dhuluma yoyote. Aliona kwamba kutangazwa vizuri ni heshima ya mwisho anayoipata mtu, na tangazo baya halina marekebisho. Alikuwa na haki ya kusema, maana alikuwa muosha. Wanawake wengi wa mtaa wetu wa Shella walipita mikononi mwake kabla ya kuvikwa sanda. Alirudi nyumbani akinukia kafuri, akavua buibui, akakaa kwenye kibao, na hata chai hajaionja akaanza kulihukumu tangazo. "Mwanamke amezaa wana wa kiume, nyumba imejaa," alisema siku moja, "wao wanamtaja yule wa mwisho kwa kuwa ndiye mwenye duka. Mkubwa wamemwacha kama aliokotwa." Alikasirika kana kwamba aliyetukanwa ni yeye.

Mimi nilisomea sheria, na ndani ya sheria nikachagua katiba. Nilipata nafasi ya kwenda ng'ambo, nikarudi na shahada juu ya shahada, nikaanza kufundisha chuo kikuu huko Nairobi. Kila nilipokuja likizo mama aliniuliza ninafundisha nini mwaka huu, nami nikamjibu katiba.

"Miaka yote hii unasoma kitabu kimoja?"

"Ndiyo, mama."

"Na hujakimaliza?"

Baadaye Bunge lilipozoea kuibadilisha katiba hiyo, akawa anasikiliza taarifa ya habari kwenye redio ya dada yangu, ambaye aliishi naye tangu baba afariki. Nilipokuja akanipokea mlangoni kwa kicheko. "Kumbe ndiyo maana hukimalizi," alisema. "Wenyewe bado wanakiandika."

Nilipopandishwa cheo nikawa profesa, nilikwenda Malindi makusudi kumpa habari mwenyewe. Nilivaa suti katika joto lile. Dada yangu akapiga vigelegele mpaka majirani wakachungulia madirishani. Mama akanitazama kutoka juu mpaka chini, akasema, "Hongera mwanangu. Vua viatu, nimetandika mkeka mpya." Basi. Mbele ya wageni aliendelea kuniita huyu wangu wa Nairobi. Neno profesa sikulisikia likitoka kinywani mwake hata mara moja, na iliniuma, ingawa nilikuwa mtu mzima mwenye watoto. Nilidhani halioni kuwa na maana, au analiona ni majivuno.

Kisha ukaja mwaka ule Bunge lilipoifanya nchi kuwa ya chama kimoja kwa sheria. Niliwaambia wanafunzi wangu kwamba Bunge limepewa katiba kama mtu aliyepewa nyumba ya amana: inapovuja ana ruhusa ya kuiezeka, lakini hana ruhusa ya kuibomoa akauza mawe. Sikusema zaidi ya hapo. Nilikuwa nimelisema hilo miaka mingi, na wanafunzi walikuwa wakiliandika huku wakipiga miayo. Mwaka ule hakuna aliyepiga miayo, na haukupita muda watu wa usalama wakaja ofisini kwangu asubuhi wakaniomba nifuatane nao.

Nilikaa kizuizini bila kusomewa shtaka. Kifungu kinachoruhusu mtu kuzuiliwa namna hiyo nilikuwa nimekifundisha mimi mwenyewe, hoja za kukiunga mkono na hoja za kukipinga, na mtihani nilikuwa nimeutunga. Nataka kusema ukweli: kukijua kifungu hakukunisaidia kitu. Niliogopa kama mtu mwingine yeyote angeogopa.

Waliponiachia sikuwa na kazi wala pasi ya kusafiria. Mke wangu alibaki Nairobi na watoto, kwa kuwa mshahara wake ndio uliobaki. Mimi niliamriwa nikae kwetu Malindi na nisihutubie mkusanyiko wowote. Nilimuuliza ofisa aliyeniandikisha kama harusi ni mkusanyiko. Akaniambia nisilete mzaha, na kweli haukuwa wakati wa mzaha.

Chifu alifanya mkutano, akawaambia watu wawe macho, wajue wanakunywa kahawa na nani. Hakunitaja, na hakuwa na haja ya kunitaja. Tangu siku hiyo, kinyozi aliyekuwa akininyoa toka utotoni akawa na wateja wengi mno kila nikifika mlangoni pake. Jirani yetu wa mkono wa kulia, mtu niliyesoma naye chuo cha Kurani tukichapwa kwa fimbo moja, akawa akiniona anakumbuka kitu alichosahau nyumbani. Hoteli moja ya ufukweni hapo mjini ilinipa kazi ya kuwasomea mikataba yao. Baada ya muda meneja akaniambia, macho yake yakiwa dirishani, kwamba mikataba imekwisha. Sikuwachukia watu hawa. Hapana, nasema uongo, niliwachukia sana, na kinyozi zaidi ya wote.

Aliyenisalimu kila siku bila kukosa ni yule aliyetumwa kunichunga. Alikuwa mtu wa makamo kutoka vijiji vya ndani, nyuma ya Kilifi, na mji mzima ulijua kazi yake. Alikaa kwenye benchi la muuza kahawa mkabala na nyumba yetu, akanipungia mkono nikitoka, akanipungia nikirudi.

Haya yote ningeyavumilia kama yangeishia kwangu. Lakini alikufa bibi mmoja nyumba ya tatu kutoka kwetu, na mama alipolisikia tangazo akaandaa mkoba wake kama desturi: kitambaa, kafuri, udi, pamba. Akajifunga buibui, akakaa ukumbini akisubiri kuitwa. Hakuitwa. Dada yangu alitoka kwenda kuuliza, akarudi na habari kwamba wamemleta muosha kutoka Mambrui. Mama alitoa vitu mkobani kimoja kimoja, akavikunja, akavirudisha kabatini. Kisha akajifunga tena buibui akaenda mazikoni kama wanawake wengine, akakaa nyuma.

Aliporudi mimi nilikuwa nimesimama mlangoni. Nilimwambia ninakwenda kwa wafiwa, nikawaulize mbele ya watu kosa la mama yangu ni lipi.

"Kaa weye," akasema. "Umekatazwa kuhutubia."

Nilikaa. Alivua buibui taratibu, akakaa kwenye kibao chake, na safari hii hakuhukumu tangazo la mtu. Aliniuliza: "Mimi nikifa, nitatangazwaje?"

Nilimwambia aache maneno hayo. Akasema haachi. "Mjomba wako atataka nitangazwe dada yake. Ataona ndiyo salama. Mimi sitaki. Mwanamke anayetangazwa dada wa fulani ni yule asiyezaa. Mimi nimezaa. Nina mwana wa kiume, yuko hai, hajaua, hajaiba. N'takuwa mamake nani kama si mamako?"

"Mama, ukitangazwa kwa jina langu watu hawatakuja."

"Na wasije."

Alisema hivyo, lakini uso wake haukusema hivyo. Huyu alikuwa mwanamke ambaye hakukosa msiba. Aliwaosha waliompenda na waliomsengenya, akawafunga sanda kwa mikono ile ile. Nilimwona akilitazama kimawazo jeneza lake likichukuliwa na watu wachache, mbio mbio, kama kitu cha aibu, na mimi nililiona pamoja naye. Tangu siku hiyo hofu yangu haikuwa tena kwamba watanirudisha ndani. Hofu yangu ilikuwa mama kufa kabla jina langu halijasafika.

Na ndivyo ilivyokuwa. Miaka ikapita, muongo ule ukaelekea mwisho wake, naye akaanza kupungua. Alikuwa akienda sokoni, akawa anaishia msikitini, kisha mlangoni, kisha kitandani. Asubuhi moja baada ya sala dada yangu alimpelekea uji akamkuta ameshaondoka, amelalia ubavu wake wa kulia kana kwamba hakutaka kumpa mtu kazi ya kumgeuza.

Mjomba, ndugu yake mdogo, alifika jua halijapanda. Muadhini akaja nyuma yake. Kazi ya muadhini ya kila siku ilikuwa kutengeneza baiskeli, na alikuwa mwembamba, mwenye kikohozi na haya nyingi. Alisimama ukumbini kofia mkononi akauliza, bila kumtazama yeyote, "Tumtangaze vipi?"

"Dada yangu," akasema mjomba.

"Hapana, mjomba," nikasema. "Alikataa mwenyewe. Aliniambia mimi."

"Alisema kwa uchungu, mwanangu. Sisi tunataka watu waje wamsalie, wamzike. Jina lako litawatia hofu. Nami nina wana wawili serikalini, wajua. Leo si siku ya kushindana, na hapa si mahakamani."

Mjomba hakuwa mtu mbaya. Ndiye aliyenipeleka shule mara ya kwanza, akanishika mkono njia nzima. Lakini mimi si mtu wa subira, na siku ile hata ile kidogo niliyokuwa nayo ilikuwa imelala chumba cha pili imefunikwa shuka. Nilimwambia kwamba serikali imenichukulia kazi, imenichukulia pasi, imenichukulia mdomo, na sasa yeye anataka kunichukulia mama. Akalia. Alikuwa mzee mwenye ndevu nyeupe, akalia mbele yangu, na mimi nikalia pia, na muadhini akabaki katikati yetu akiizungusha kofia yake.

Kisha mjomba akajifuta uso, akamgeukia. "Umesikia. Dada yangu."

"Nimesikia," akasema muadhini, akatoka.

Kwa sheria ya dini yetu mtoto humtangulia ndugu katika mambo ya maziko. Nilikijua kipengele hicho, na mjomba alikijua. Ningeweza kumfuata muadhini nikamrudisha. Lakini ndani ya moyo wangu nilijua mjomba huenda akawa sahihi, kwamba kwa jina lake watakuja na kwa jina langu hawatakuja, na kwamba mama alitaka vitu viwili ambavyo haviwezi kukaa pamoja. Nilikuwa bado nimesimama hivyo pale kipaza sauti kilipokwaruza.

Kikohozi. Inna lillahi wa inna ilayhi raji'un. Kisha ile sauti, ambayo katika mazungumzo haisikiki hata ukiinama, ikatoka wazi juu ya mapaa ya mtaa mzima: amefariki mamake profesa. Na baada ya neno hilo jina langu, na la baba yangu, na la babu yangu, wa Shella. Maziko ni baada ya sala ya alasiri. Akarudia tena kutoka mwanzo, polepole, kama anayesoma kwa ajili ya viziwi. Mjomba hakutajwa.

Mjomba alikaa chini kwenye mkeka. Mimi nilimtazama dada yangu, naye alinitazama. Miaka yote niliyokuwa nimerudi, hakuna mtu mjini aliyenitaja hadharani, seuze kwa cheo changu. Katika nyumba ya jirani redio ilikuwa ikiimba, ikazimwa.

Walianza wanawake. Muosha wa Mambrui alikuja wa kwanza, hakuitwa na mtu, mkoba wake kwapani. Kumbe kazi aliifunzwa na mama, zamani, kabla sijaenda ng'ambo. Aliingia chumbani na dada yangu wakafunga mlango, na maji yakaanza kumwagika. Wanaume hawakuja. Adhuhuri ikapita. Nilikaa kwenye kiti nje ya mlango, na yule aliyetumwa kunichunga alikuwa benchini pake ng'ambo ya njia. Siku hiyo hakunipungia mkono. Niliwahesabia watu visingizio vyao vyote kichwani, nikawasamehe kwa zamu, nikawalaani tena.

Darasani nilikuwa na swali nililowauliza wanafunzi wa mwaka wa kwanza: sheria inatiiwa na nini pale ambapo askari hayupo? Walijibu kwa majibu ya vitabuni, nami nikawapa alama. Siku ile alasiri nilikuwa nalijibu upya. Dini yetu inasema maiti ni deni la mji mzima. Wakitokea wachache wakamzika, wote wamesalimika. Asipotokea mtu, wote wana dhambi, aliyejua na aliyejifanya hajui. Hakuna chifu anayeisimamia sheria hiyo, na hapakuwa na Bunge la kuibadilisha. Lakini wachache wangetosha, na hilo ndilo lililonitia hofu. Kila mmoja angeweza kujiambia kwamba wenzake watakwenda.

Alasiri ilipoadhiniwa tulilitoa jeneza, sisi wa nyumbani tu, na bega langu likiwa mbele. Tulipofika penye kona ya msikiti nilisikia uzito umepungua. Niligeuza macho nikamwona jirani yetu wa mkono wa kulia ameweka bega nyuma yangu, anatazama mbele, anasoma kalima. Nyuma yake alikuwa kinyozi. Walikuwa wamejaa uani kwa msikiti, wakamwagika mpaka njiani, vijana na wazee, na tulipokwisha kumsalia, njia nzima ya makaburini kila hatua chache bega jipya liliingia na la zamani likatoka, kama inavyotakiwa. Mimi nilisukumwa nje ya jeneza la mama yangu kwa sababu wenye kutaka kulichukua walikuwa wengi.

Baada ya kufukia, wafiwa husimama na watu hupita mmoja mmoja wakiwapa mkono wa taazia. Mwaka ule ule tulikuwa tumepigishwa kura kwa kupanga mistari, kila mtu nyuma ya picha ya mgombea, peupe, chifu akitazama. Kila mmoja pale makaburini alijua maana ya kuonekana amesimama katika mstari gani. Nao walisimama, mstari ukatoka langoni ukazunguka ukuta, na kila mkono niliokuwa nimekosa kuushika tangu nirudi nikaushika siku hiyo. Kinyozi naye alikuwamo. Wa mwisho alikuwa yule aliyetumwa kunichunga. Hakuwa Muislamu, kwa hiyo alingojea nje ya lango mpaka tulipomaliza. Alinishika mkono kwa mikono yake miwili, akasema, "Pole, profesa," akarudi benchini.

Nisiseme kwamba mji ulibadilika. Kinyozi alirudia kuwa na wateja wengi, na jirani akaanza tena kusahau vitu nyumbani. Nilikaa Malindi mpaka hali ilipolegea, na darasa jingine nikalipata baadaye sana. Lakini sikuwachukia tena. Nilijua kipo kitu ambacho wangekifanya hata kwa hofu, na nilikuwa nimekiona kwa macho yangu.

Kisomo cha khitma kilipokwisha nilikwenda kwa muadhini pale anapotengenezea baiskeli. Alikuwa ameipindua moja, magurudumu juu, anaupaka mnyororo mafuta. Nilimwambia nimekuja kumshukuru, na nimekuja kumuuliza. Mjomba alimpa maagizo, na alisema amesikia. Kwa nini akatangaza vingine?

"N'lisikia kweli," akasema. "Lakini maagizo yangu n'liyapata zamani. Alikuja mwenyewe, kabla hajalala kitandani. Alikuja kwa miguu, akakaa hapo kwenye sanduku. Akaniambia, nisomee tangazo langu. Nikamwambia, mama, we u hai. Akasema, soma. Yeye ndiye aliyemwosha mama yangu mzazi. N'tamkatalia vipi? Nikasoma. Mamake fulani bin fulani. Akasema, hapana, umeacha kitu. Nikatafuta n'meacha nini, sikioni. Akaniambia, profesa. Mwanangu ni profesa. Uanze na hilo, ndipo ulete jina. Akanirudisha mwanzo, na mwanzo tena, mpaka aliporidhika. Kisha akaenda zake."

Nilikaa kwenye lile sanduku. Yeye, kwa haya zake, akajifanya anautazama mnyororo. Halafu nikamwomba anisomee tena, vile vile alivyofunzwa. Akajifuta mafuta mikononi kwa kitambaa, akakohoa kama anavyokohoa kwenye kipaza sauti, akasoma: mamake profesa.